Kinyamazo: mhusika wangu hasikii huzuni tena, na hadithi imenifia mkononi

BintiGando

Assalaam alaykum wanajamvi. Nimekuja na suala la uandishi, na nawaomba mnivumilie kwani lina urefu kidogo.

Naandika riwaya ya mambo ya ajabu. Visiwa vyake havipo kwenye ramani yoyote, lakini mtu wa Pemba akisoma kurasa mbili tu atajua nimevitoa wapi: karafuu zimeanikwa njiani, mikoko, vijia vya udongo mwekundu vinavyoteleza ikinyesha. Mji wao mkuu unaitwa Uvuli. Na ndani ya Uvuli kuna kitu kinaitwa kinyamazo.

Kinyamazo ni kifuko cha ngozi, ukubwa wake kama kucha ya kidole gumba, kimeshonwa mfano wa hirizi. Ndani mna karafuu moja tu, iliyochumwa na mfiwa siku ya tatu ya msiba, kabla jua halijachomoza, bila ya kusema neno. Akivaa mtu mkono wa kushoto, juu ya kiwiko, huzuni inamwondoka. Hasira pia, na hofu. Akili inabaki pale pale. Anakumbuka kila kitu, anahesabu fedha, anapika, anasali. Ila ndani kimya.

Wazo hili nimelipata kwa bibi yangu. Nilipokuwa darasa la pili niliumwa na gego la chini, usiku, mvua ya masika imekamata na hakuna wa kunipeleka Wete. Bibi akatoa karafuu tatu kwenye kopo, akazitafuna mwenyewe mpaka zikalainika, akanibandika kwenye jino kwa kidole chake. Kwanza ikawaka. Halafu pakafa ganzi, jino na ufizi na upande mzima wa ulimi. Nikalala. Alfajiri akanibandika nyengine. Nikapewa chai na mkate wa kumimina, nikala kwa raha kama mtu aliyefungua saumu, mpaka nilipouweka mkate chini nikauona umeingia damu. Kumbe nilikuwa nalitafuna shavu langu kwa ndani na sina habari. Na gego lenyewe lilikuwa likiendelea kuoza kimya kimya chini ya ile ganzi. Liling'olewa baadaye, vipande vipande.

Basi katika riwaya kuna mwanamke anaitwa Mize. Mumewe ni nahodha, chombo chake hakikurudi. Sura ya 3 Mize anavaa kinyamazo. Na kuanzia sura ya 4 hadithi ikafa. Nimeandika sura 9, na 6 za mwisho zote hazina pumzi. Nilimpa mdogo wangu asome, akafika sura ya 5 akaacha. Akaniambia, "Dada, huyu simjui tena. Anatembea tu." Daftari mpaka leo liko juu ya friji, lilipofunguliwa ndipo hapo hapo.

Naomba mnisaidie. Kitu kama hiki kifanye kazi vipi ndani ya mwili wa mtu, ili kiaminike? Na muhimu zaidi, nimwandike vipi mtu asiyehisi, ili msomaji yeye ahisi?

Nisiwafiche kwa nini jambo hili limenikaa rohoni. Babangu alifariki miaka 2 iliyopita, mchumo wa karafuu umepamba moto. Mimi ndiye mkubwa. Kila aliyeingia mlangoni aliniambia kaza moyo, wadogo zako wanakutazama wewe. Nikakaza. Nilishughulikia sanda, gari, majamvi ya kuazima, sukari ya hitima, mpaka idadi ya vikombe nilikuwa naijua. Sikulia. Siku ile mtu angeniletea kinyamazo ningekivaa bila ya kuuliza bei. Ndiyo maana sitaki kukiandika ovyo.

MvuviTumbe

Waalaykum salaam. Pole kwa mzee, Mungu amrehemu.

Mimi si mwandishi, lakini kitu kimoja nakijua. Huyo Mize wako ukimtia baharini na kinyamazo mkononi, atakufa siku ya kwanza. Hofu ndiyo inayokurudisha pwani. Ukipita Kigomasha na kusi imekaza, nywele za shingo zinasimama kabla akili haijajua ni nini. Ndipo unapotazama, unaona maji yamebadilika rangi. Mtu asiyeogopa hatazami.

Ni hayo tu.

NesiChake

Shoga yangu BintiGando, pole sana. Na umenikumbusha marehemu bibi yangu na karafuu zake za jino. Ile ganzi ni ya kweli kabisa. Mafuta ya karafuu yana kitu kinaitwa eujenoli (eugenol), na mpaka leo madaktari wa meno wanaichanganya na oksaidi ya zinki kuziba jino kwa muda.

Mimi ni muuguzi, miaka 14 wodini, nasoma sana usiku wa zamu. Nadhani kosa lako liko mahala pamoja: umekiacha kinyamazo kiondoe hisia zenyewe. Usikubali. Kikate habari tu, zile zinazotoka mwilini kwenda kwa mwenye mwili.

Angalia mtu anavyoogopa. Moyo unakwenda mbio, mate yanakauka, viganja vinaloa, tumbo linasokota. Hayo ni mwili. Kisha ndiyo mwenyewe anajua: naogopa. Sasa kuna dawa ya kweli ya moyo na presha inaitwa propranolol. Aliyeitengeneza ni James Black, Mskochi, miaka ya 1960, na mwaka 1988 akapewa Nobeli. Inaziba milango ambayo adrenalini, homoni ya hofu, ingeingilia kwenye moyo. Kuna wapiga muziki wanaoitumia kabla ya kupanda jukwaani, mikono isitetemeke kwenye nyuzi. (Asije mtu hapa akaenda kuitafuta dukani mwenyewe. Mwenye pumu inaweza kumbana kifua vibaya. Ni dawa ya kuandikiwa na daktari.) Dawa ile inaunyamazisha mwili, na wasiwasi wa kichwani unaweza kubaki vile vile. Kinyamazo chako kifanye kinyume chake. Mwili upige kelele zote, mwenye mwili asisikie.

Ukifanya hivyo Mize atatetemeka mikono na atafikiri ni baridi. Hatalala, na atasema ni joto. Nguo zitaanza kumpwaya aulaumu ushonaji. Msomaji atakuwa anamjua Mize kuliko Mize anavyojijua, na hapo ndipo atakapoumia kwa niaba yake. Lile shavu lako ulilokuwa ukilitafuna ndilo hadithi yenyewe, mwenzangu. Umeliandika hapa kwa mistari michache nikajishika shavu langu.

Jambo la pili. Usimfanye awe hodari kwa sababu hahisi. Watu wengi wanadhani mtu asiye na hisia ataamua mambo kwa akili safi. Yupo daktari wa ubongo, Antonio Damasio, Mreno aliyefanya kazi Marekani, aliyeandika miaka ya 1990 juu ya mgonjwa aliyempa jina la Elliot. Huyu alitolewa uvimbe nyuma ya paji la uso, na sehemu ya ubongo ikaondoka nao. Akipimwa akili, mzima. Kumbukumbu, nzima. Anasimulia misiba yake mwenyewe kwa utulivu, kama iliyompata mtu mwengine. Na maisha yake yakaporomoka, kazi ikaenda, ndoa ikaenda, kwa sababu hakuweza tena kuchagua. Anaweza kukaa mchana kutwa akifikiri makaratasi ayapange kwa tarehe au kwa ukubwa.

Mgonjwa mwengine mwenye dhara kama hiyo aliulizwa aje tena siku gani, akapewa tarehe mbili. Akatoa kalenda yake. Akapima mvua, akapima miadi mengine, akapima karibu nusu saa nzima, mpaka daktari akamwambia basi njoo ile ya pili. Akakubali papo hapo, akaondoka.

Kwa hivyo akili peke yake haijui kusimama. Kuna kitu kinachosukuma kidogo kutoka chini, hiki bora, twende, na kitu hicho ni hisia. Mpeleke Mize sokoni, mweke mbele ya vitu viwili vinavyofanana, kisha mwache.

AbuSalma

Dada yangu, nakushauri kwa nia njema. Mambo ya hirizi hata kwenye hadithi tuyaepuke. Vijana wanasoma, wanaona kama ni jambo la kawaida. Andika juu ya subira.

BintiGando

Sheikh wangu AbuSalma, ahsante, na nasaha yako nimeipokea. Hata mimi sikitaki kinyamazo kishinde katika hadithi. Nataka msomaji akifika mwisho akione kilivyo. Lakini nikikiandika kibaya tangu ukurasa wa kwanza, yule aliyewahi kukitamani kama mimi hatanisikiliza.

NesiChake, nimesoma mara tatu. Nitarudi.

MwalimuMalindi

Nimechelewa kuingia, nilikuwa na wanafunzi. Binti yangu, Mwenyezi Mungu amlaze mzee wako mahala pema.

Nianze na alilosema AbuSalma, kwa sababu khofu yake ina msingi na si vizuri kuipita. Anayesoma hapa hafundishwi kufunga hirizi. Na juu ya kulia, mwanawe Mtume, s.a.w., Ibrahim, alipokuwa katika kukata roho, Mtume alitokwa na machozi. Sahaba wake, Abdurrahman bin Auf, akastaajabu, akauliza, hata wewe? Akajibiwa kuwa hiyo ni rehema, kwamba jicho linatoka machozi na moyo unahuzunika, na ulimi hausemi ila linalomridhisha Mola. Kwa hivyo subira yenyewe, ndugu yangu AbuSalma, haikuja kuziba jicho. Binti huyu anaandika juu ya mtu aliyeziba jicho. Mimi naona mnakwenda njia moja.

Sasa juu ya kitu chenyewe. Hukukibuni peke yako, na hilo likupe nguvu. Waarabu wa kale walikuwa na ushanga wakiuita sulwana, na kamusi zao kongwe zimeutaja. Mtu aliyeungua na mapenzi yasiyo na matumaini humiminiwa maji ya mvua juu ya ushanga ule, akayanywa, moyo ukapoa. Wako waliosema sulwana ni udongo uliochukuliwa kaburini ukatiwa katika maji. Ushanga wa mvua au udongo wa kaburi. Mimi ningekuwa mwandishi ningekaa juu ya tofauti hiyo siku nzima.

Na Wayunani nao. Homer, mshairi wao wa kale, anasimulia wageni wamekaa nyumbani kwa mfalme Menelaus wanamlilia Odysseus asiyerudi kutoka baharini, kama huyu nahodha wako. Mke wa nyumba, Helen, akatia dawa ndani ya mvinyo wao, dawa aliyoipata Misri. Mwenye kuinywa hatokwi na chozi hata afe mamake na babake, hata auliwe ndugu au mwana mbele ya macho yake.

Nataka uangalie vitu viwili hapo. Cha kwanza ni kipimo: kwa siku ile moja tu. Dawa ya Helen ina mwisho, na kinyamazo chako umekiacha bila ya mwisho, ndiyo maana sura zako hazina pa kwendea. Cha pili ni kwamba Helen hakuwauliza. Aliwaona wanalia, akatia. Je, Mize alikivaa mwenyewe au alivikwa? Kama alivikwa, na nani? Kwa mapenzi au kwa kuchoshwa na kilio chake?

Na neno moja la mwisho kwa sababu ya lugha. Hirizi mtu huvaa. Kombe mtu hunywa, maandishi ya zafarani yaliyooshwa kwenye sahani. Lakini lipo na fingo, linalozikwa ardhini kuulinda mji au shamba, na walio juu yake hawalijui lilipo. Fikiri: chini ya mji wa Uvuli limezikwa nini?

Mpujini

Hilo fingo la Mwalimu limenitoa usingizini, imebidi niandike.

Mimi nimekulia karibu na magofu ya Pujini, huku Pemba. Wenye kuchimba wanayaweka kwenye karne ya 15 hivi. Sisi tunayajua kwa hadithi ya mtawala wake, Mkame Ndume, na jina lenyewe linasema, mkamua wanaume. Bibi alitusimulia kuwa watu walijengeshwa ule ukuta wakibeba mawe huku wakisota kwa matako, hawaruhusiwi kusimama. Nilipokuwa mdogo nilijaribu na jiwe la ukubwa wa nazi kutoka mlangoni mpaka kwenye muembe wetu. Sikufika.

Na pale pana kisima. Kinasemwa kuwa cha wake zake wawili. Kwa sababu ya uwivu kilitiwa ukuta katikati, mmoja akichota kwa ndoo na kamba kutoka juu, mwengine akishuka ngazi mpaka majini, wasionane. Ukisimama pale utaona ajabu yake. Mtu aliyewaweza wanaume wa kisiwa, uwivu wa wanawake wawili haukumtii, akaona bora agawe kisima.

Sasa mtu kama yule mpe kinyamazo. Unadhani atawavisha wakeze? Pengine. Lakini kwanza atawavisha wabeba mawe. Watasota na mawe yao wala hawatamchukia. Hawatanung'unika usiku, hawatatunga wimbo, hawatamsimulia mjukuu. Dada, hebu fikiri, jina la Mkame Ndume limetufikia sisi kwa sababu ya uchungu wa wale watu. Miaka mia tano na zaidi, na bado bibi yangu akilitaja jina lile midomo inambana. Wangekuwa na vinyamazo, pale Pujini leo pangekuwa na mawe tu na hakuna anayejua yaliwekwa na nani.

Huyo mtawala wa Uvuli ni nani? Hujatuambia hata jina lake.

BintiGando

Wapendwa, nimekaa siku nne bila ya kuandika hapa kwa sababu nilikuwa naandika kule.

Nimezitoa sura zote 6. Iliniuma, zilikuwa kurasa 70 na kidogo. Haya ndiyo niliyoyaamua.

Mize hakukivaa mwenyewe. Alivikwa na mama mkwe wake, usingizini, usiku wa saba, kwa mapenzi na kwa kuchoka vile vile, kwa sababu mama mkwe naye amefiwa na mwana na kilio cha Mize kinakifufua chake. Swali la Mwalimu ndilo lililonifungulia. Nilikuwa nimemwandika yule mama kama kivuli tu cha kuleta chai, na sasa yeye ndiye ninayemhurumia kuliko wote.

Kinyamazo kina mwisho. Karafuu ni ua, na sisi tunalichuma kabla halijafunguka, likishafunguka halina bei. Katika Uvuli, karafuu ya kinyamazo inaendelea kutaka kufunguka ndani ya ngozi. Siku ikifunguka, vyote vilivyozuiwa vinarudi kwa pamoja, na hakuna ajuaye siku hiyo. Fingo bado sijaliweka. Mtawala nampa sura yake, ila namwogopa kidogo, acha nimkaribie taratibu. Mpujini, wimbo wa wabeba mawe nitautia, na utakuwa wimbo uliosahauliwa maneno, umebaki mlio peke yake, na watu hawajui kwa nini wanaunguruma hivyo wakinyanyua kitu kizito.

Na mwili, kama alivyosema NesiChake, haunyamazi. Hilo nililijua tangu zamani na sikujua kama nalijua. Mamangu alikaa eda yake miezi 4 na siku 10, kizuka ndani ya chumba cha nyuma, na wanawake wakimjia kila baada ya alasiri na kitu mkononi. Wakati wote ule nilimwona mkavu kama mimi. Alipotoka eda, siku ya pili yake, akakalia kibao cha mbuzi akune nazi. Kibao kile kina mguu mmoja mfupi. Baba alikuwa amekipigilia kipande cha kandambili chini yake, cha buluu, kisiyumbe. Kipande kilikuwa kimebanduka zamani, hatukujua lini. Mama akakaa, kibao kikayumba. Akainuka, akakigeuza, akakiona kile kimsumari peke yake. Akarudi kukaa, akaikuna nazi yote, nusu mbili, kibao kinagonga sakafu ko, ko, ko, na machozi yanamdondokea kwenye sinia la nazi. Hakuacha kukuna na mimi sikusogea mlangoni. Tui lile tulilipikia samaki, tukala. Ndiyo siku niliyolia mimi, usiku wake, na nikalala vizuri.

Nimemwandikia Mize asubuhi yake sokoni. Nakibandika kipande hiki hapa mkione, na msinionee haya:

*Usiku uliopita mwezi ulikuwa mpevu, umejaa kama sinia, na madau ya dagaa yalirudi alfajiri yameshiba. Jua lilipopanda Mize alikuwa dikoni, amesimama mbele ya mafungu mawili. Yalilingana. Bei moja, jamvi moja, mchuuzi mmoja. Zamani angechukua la kushoto kwa sababu mkono ulikwenda huko. Sasa alihesabu. La kushoto lilikuwa na dagaa 41. La kulia 43, lakini walikuwa wembamba. Akahesabu tena. Jua likamtoka begani, likamshika usoni. Nzi wakaja. "Mama, unachukua au huchukui?" "Nachukua," akajibu, wala hakuinama.*

*Ndipo alipoliona tone limeangukia jamvi, baina ya mafungu, na jengine ubavuni pake. Akatazama juu. Hapakuwa na wingu. Akajipangusa shavu kwa ncha ya kanga, akaugeuza ule umaji kidoleni kama mtu anayetafuta paa limevujia wapi, akaanza tena kuhesabu kutoka kushoto.*

NesiChake

Nimeisoma nimesimama koridoni. Huyo ninamjua. Ninamjua kabisa. Mpe na mdogo wako.

AbuSalma

Mungu amrehemu mzee na ampe mama afya. Endelea, dada yangu.

MwalimuMalindi

Mama mkwe amvike kwa mkono gani? Usiliache hilo. Mtu anayemfunga mwenzake kitu usingizini lazima ashike pumzi. Mwandike anavyoishika.

MvuviTumbe

Nzuri sana. Lakini pana kosa. Dagaa hawavuliwi mwezi ukiwa mpevu. Tunawavua kwa taa, usiku wa kiza, wao wanaifuata taa. Mwezi ukijaa bahari nzima ina mwanga, hawakusanyiki, na madau yanalala pwani. Mtu wa Tumbe akisoma hapo atafunga kitabu. Ama ubadilishe samaki, ama ubadilishe mwezi.

BintiGando

Wallahi kaka yangu, nimekulia Gando na nimekosea hilo. Ahsante. Nimebadilisha mwezi, na kumbe kiza kilikuwa kinanifaa zaidi. Sasa inaanza hivi:

*Ulikuwa usiku wa kiza kitupu, na taa za madau zilionekana mbali kama nyota zilizoanguka zikakataa kuzama. Mize alitoka kabla ya alfajiri kwenda dikoni kungojea dagaa. Alipapasa ukuta wa ukumbi kutafuta mlango, na mkono ulipofika kwenye msumari ambao mumewe alikuwa akitundika kofia yake, ukasimama. Mize akangoja uondoke.*